Wazazi Walisema Inshallah

Fomu yenyewe ilikuwa karatasi moja, na swali lililokuja kunitesa lilikuwa na kisanduku kidogo kisichotosha hata saini. Liliuliza lugha ya eneo la shule ni ipi. Serikali inataka mtoto wa madarasa ya mwanzo afundishwe kwa lugha anayotoka nayo nyumbani, au ile inayosemwa na wengi pale shule ilipo, kisha Kiingereza kishike usukani akishakua kidogo. Mwalimu mkuu wetu, bwana mpole wa kutoka bara ambaye baada ya miaka sita Likoni bado husema "nyinyi watu wa Pwani," alinisukumia karatasi ile mezani.

"Hii ni yako, mwalimu," akasema. "Wewe ndiye mwenye lugha."

Sikumpinga, maana ndivyo nilivyojiona. Nimezaliwa kisiwani, Mombasa yenyewe, nikaolewa Likoni. Kwetu mtu akizungumza Kiswahili cha ovyo, mama yangu hamjibu. Humtazama tu mpaka mtu mwenyewe ajirekebishe. Nimekua na fahari hiyo na sitadanganya kwamba nimeiacha yote, hata baada ya haya ninayoyasimulia.

Na bado shuleni nilikatwa alama za Kiswahili. Mwalimu wetu wa darasa la nne alikuwa amesomea Kiswahili kitabuni, na mimi nilipoandika "ndoo" nikimaanisha "njoo," kama tulivyosema nyumbani, alinipigia mstari mwekundu akaniambia mbele ya wenzangu kwamba sijui lugha. Mimi! Nilirudi nyumbani nikalia, na mama akasema maneno kuhusu mwalimu yule ambayo siwezi kuyaandika hapa. Ungetarajia mtu aliyepitia hayo awe na macho. Sikuwa nayo.

Nikajaza kisanduku kwa penseli: Kiswahili. Mwalimu mkuu akasema utaratibu unataka wazazi waulizwe kwanza, kwa hiyo tukawaita Jumamosi asubuhi. Walikaa kwenye madawati ya watoto, magoti yamewafika kifuani. Dua ikasomwa, nikasimama, nikazungumza nusu saa. Mimi nina ulimi, na siku ile niliutumia wote. Niliwaeleza sera ya lugha, nikawaeleza utamu wa Kiswahili na upana wake, nikawapambia kila sentensi. Shule yetu iko upande wa Mtongwe na wazazi wengi ni Wadigo, wenyeji wa hapo tangu zamani, wakulima na wavuvi na wachuuzi. Wachache ni wa kutoka bara, na mmoja wao, kijana fundi wa magari, aliinua mkono.

"Madam, hawa watoto wafunzwe tu Kizungu. Hii Kiswahili wataokota huku mtaani."

"Hicho unachookota wewe mtaani, bwana, sicho," nikamjibu, na watu wakacheka. Nikajisikia vizuri sana. Kisha nikawageukia wenyeji. "Na nyinyi wazee wangu, mama zangu, mwasemaje? Tuwafundishe kwa Kiswahili au mwataka Kidigo?"

Mzee mmoja wa safu ya mbele alivua kofia, akaitazama ndani, akaivaa tena. "Inshallah, mwalimu," akasema. Nyuma yake mama mmoja akasema inshallah, na mwingine, na mwingine. Nikasema alhamdulillahi, nikachukua kalamu ya wino nikapita juu ya penseli.

Hapa lazima niseme jambo linaloniaibisha. Kwetu, watu wakija kuposa na hawatakiwi, hawaambiwi hapana. Watanyweshwa kahawa na watapewa visheti, wataulizwa habari za wote waliobaki nyumbani, kisha wataambiwa inshallah, tutawaletea jibu. Wakifika mlangoni wanajua posa imekataliwa, na hakuna aliyevunjiwa heshima. Nimeshuhudia hayo tangu utotoni na nimewahi kuyafanya mwenyewe kwa mtu aliyemtaka binti wa dada yangu. Lakini siku ile, darasani, nilisikia inshallah ishirini na nikaziandika kuwa ndiyo.

Kwa haki kabisa, sikufikiri kwamba nawanyima kitu. Kidigo na Kiswahili ni ndugu wa karibu, mtu wa lugha moja akituliza sikio huielewa nyingine kwa kiasi. Mimi nilikichukulia Kidigo kuwa Kiswahili ambacho hakijapigwa pasi. Nikaona kazi yangu ni kukipiga pasi hiyo.

Wiki ya pili ya muhula niliwauliza watoto, nani ataniambia amefanya nini leo kabla ya kuja shule? Msichana mmoja wa safu ya nyuma, mwembamba, sare imemzidi saizi mbili, akainuka mara moja. Alikuwa akilelewa na bibi yake, hilo nililijua kutoka kwenye daftari la majina. Akaanza kusimulia kwa Kidigo. Habari yenyewe ilikuwa ya ndoo ya maji, na bibi, na mbuzi wa jirani aliyekuja akanywa maji kabla hayajafika nyumbani. Alikuwa na mikono inayozungumza na uso uliojaa yule mbuzi. Watoto walikuwa wameanza kucheka, kicheko kizuri cha kufuata kisa.

Nikamkata katikati. Nilisema, "Kaa chini. Ukijua kusema, utasema."

Akakaa. Kicheko cha wenzake kikabadilika, kikawa cha namna nyingine, na mimi nikaendelea na mtoto aliyefuata. Haikuchukua hata dakika moja. Jioni sikuikumbuka.

Yule msichana hakusema tena. Muhula ule wote na uliofuata, nikimwuliza swali alisimama, akatazama kifua changu, akanyamaza mpaka nimruhusu akae. Akiitwa jina hakuitika, alisimama tu. Kuandika alinakili kila nilichoandika ubaoni, kwa mwandiko safi, lakini nikimwambia asome hakufungua kinywa. Mwanzo nilikasirika. Nikamgombeza, nikamsimamisha kona, nikambembeleza kwa peremende. Halafu hasira ikaisha na wasiwasi ukaingia, na mwalimu mkuu alipotuomba orodha ya watoto wa kufanyiwa tathmini, niliandika barua. Niliandika kwamba mtoto hazungumzi, hajibu, na ninashuku ana kasoro ya kusikia au ya akili. Nikaandika vizuri sana, kama ilivyo desturi yangu.

Nilijua barua ile maana yake nini. Kitengo cha watoto wenye mahitaji maalumu kilichokuwa na nafasi kilikuwa ng'ambo, ukishavuka feri uendelee na safari nyingine. Bibi yake hakuwa na miguu ya kumpeleka na kumrudisha kila siku. Mtoto kama huyo hupelekwa wiki ya kwanza, wiki ya pili akapelekwa siku mbili, kisha akabaki nyumbani, na hakuna anayeuliza. Nilijua hayo yote na bado niliona natenda wema, maana karatasi zinasema mtoto apelekwe panapomfaa.

Ilibaki mlezi aweke idhini. Bibi hakufika shuleni nilipomwita, kwa hiyo alasiri moja nikaenda mwenyewe, fomu ya idhini mkobani. Nyumba yao iko Mtongwe, hatua chache tu kutoka maji ya kijito, ya udongo na makuti, uwanja umefagiwa mpaka unaona njia za ufagio. Kabla sijapiga hodi nikasikia sauti ya mtoto nyuma ya nyumba, kubwa, kali, iliyojaa amri. Nikazunguka polepole.

Watoto wanne wadogo walikuwa wamekaa chini kwa safu mbili. Mbele yao, mgongo wake kwangu, alisimama msichana wangu asiyezungumza. Alikuwa amejitanda leso ya bibi yake kichwani kama nijitandavyo mimi, mkononi ana kijiti cha kuti, na puani amekaza miwani aliyoisuka kwa ukindu kuiga yangu. Kila baada ya maneno machache aliisukuma juu kwa kidole. Sikuwahi kujua kwamba mimi hufanya hivyo.

Alikuwa akifundisha somo langu la juma lile, la kunawa mikono. Alilifundisha lote, tangu maji mpaka sabuni mpaka kuanika kitambaa, na alilifundisha kwa Kidigo. Nilichosema mimi kwa Kiswahili changu cha kupigwa pasi, yeye alikuwa amekisikia chote, amekitafsiri, na hapo nilipokuwa nimeruka hatua amenijazia. Mtoto mmoja akapiga kelele, naye akagonga kijiti chini. "Nyamala!" akasema, kwa sauti yangu hasa, na kidole kikaenda kwenye miwani. Kisha akamuuliza mdogo wao swali, na yule alipojibu kwa sauti ya chini, mwalimu wao akainama, akasubiri, akamsikiliza mpaka mwisho. Hilo hakulitoa kwangu.

Nilicheka. Sikuweza kujizuia. Akageuka, akaniona, ukindu ukaanguka, na uso wake ukafungika palepale. Akakimbilia ndani. Wale wengine wakatawanyika, na mimi nikabaki uwanjani na mkoba wangu, nimeona haya ambayo sijawahi kuona tangu niwe mtu mzima.

Bibi akatoka. Nikamwamkia shikamoo, akaitika marahaba, akaniletea kigoda. Nikamwambia ukweli, kwamba nimekuja kumtaka akubali mjukuu wake akapimwe kwa sababu hasemi. Akanitazama kama mtu anayejaribu kujua kama anataniwa.

"Hasemi? Huyu? Huyu hata usingizini anasema."

"Shuleni, bibi. Hajasema neno tangu mwanzo wa mwaka."

Mama wa watu akakaa chini, taratibu, mkono juu ya goti. "Basi ni mimi," akasema. "Siku ile alikuja akaniambia, mwalimu hataki Kidigo. Nikamwambia, basi nyamaza, mwanangu, usimuudhi mwalimu. Ukikijua chake utamjibu. Nilidhani ni siku mbili tatu. Wallahi sikumwambia anyamaze mwaka." Akatikisa kichwa. "Mtoto huyu ana adabu. Akiambiwa neno analishika."

Nikamuuliza kwa nini basi kwenye mkutano hawakusema wanataka Kidigo, nami niliwauliza kwa mdomo wangu.

"Uliuliza," akasema. "Ulisimama pale na Kiswahili chako kile cha mjini, kitamu, hata sisi tulikisikiliza tukaburudika. Nani angeinuka mbele yako na Kidigo chake? Ungemcheka kama ulivyomcheka yule fundi. Tukasema inshallah tukaenda zetu. Mwanangu, wewe si mtu wa hapa? Hujui inshallah?"

Nilikunywa maji aliyonipa, nikaaga, nikaondoka na fomu ikiwa tupu. Njia nzima nilikuwa nikijitukana kwa Kiswahili fasaha.

Asubuhi yake nilikuwa mlangoni mwa mwalimu mkuu kabla hajafungua. Nikamwambia nataka barua yangu. Akasema imekwisha kwenda, afisa wa tathmini anakuja Alhamisi. Nikamwambia nimekosea, mtoto hana kasoro yoyote. Akavua miwani, akasema kwa upole wake uleule, "Mwalimu, umeandika kurasa mbili, na mimi niliziamini kwa sababu ni zako. Sasa siwezi kusema zilikuwa uongo bila mtu mwingine kuona. Acha aje."

Afisa alikuwa mama wa makamo kutoka bara, mwenye begi la picha na vijiti vya rangi, na utulivu wa mtu aliyeona watoto wengi. Tulikaa ofisini. Akamwonyesha msichana picha, akamuuliza kwa Kiswahili chake, hiki ni nini? Kimya. Akaonyesha ya pili na ya tatu. Kalamu yake ikawa inaandika. Nikamwambia, "Samahani, dada, mtoto huyu aulizwe kwa Kidigo."

"Hata mwongozo wetu unasema hivyo, aulizwe kwa lugha yake," akasema. "Wewe unakijua?"

Nilikuwa nimezoea kuulizwa mambo ya lugha na kujibu. "Hapana," nikasema. "Ila bibi yake yuko nje, nilimwomba aje."

Bibi akaingia, akakaa kwenye kiti cha wageni, miguu haifiki chini vizuri. Akauliza kwa Kidigo, hiki ni nini? Mtoto akafungua mdomo. Kisha akanitazama mimi, akaufunga. Bibi akauliza tena, na mtoto akanitazama tena. Afisa akainua kalamu. Ndipo bibi akanigeukia, wala hakukunja uso.

"Mwalimu," akasema, "hebu toka nje kidogo, mwanangu."

Nikatoka. Nimefundisha miaka kumi na minne, na dakika zile za kusimama barazani mwa ofisi, nimeegemea ukuta na watoto wa madarasa mengine wakinipita wakiniamkia, ndizo ngumu kuliko zote. Kisha nikasikia sauti ya bibi, halafu ile sauti nyembamba iliyokuwa nyuma ya nyumba, neno moja, maneno mawili, na mwisho maneno mengi yakifukuzana, na afisa akicheka kitu ambacho lazima bibi alikuwa amemtafsiria. Nikakaa palepale chini na nguo yangu nyeupe. Sikujali.

Waliponiita ndani vijiti vya rangi vilikuwa vimepangwa mezani kwa safu nadhifu. Afisa akasema mtoto huyu anahesabu vizuri, anakumbuka vizuri, na anabaki darasani mwake. Kulikuwa na mstari mmoja uliosalia kwenye karatasi yake, akasoma kwa sauti: kasoro iliyoonekana. "Hapa niandike nini?"

"Andika mwalimu," nikasema.

Akadhani ni mzaha, akacheka. Alipoona sicheki akaacha, akapiga kistari, akafunga begi lake.

Fomu ya lugha ilibidi ijazwe upya, ingoje mkutano mwingine, na huo ulikuwa na kelele kama mkutano unavyotakiwa uwe. Safari hii sikuhutubu. Niliuliza swali nikakaa, nikamwomba bibi yule aliongoze baraza, naye akaliongoza kwa Kidigo. Yule fundi wa kutoka bara akapiga kelele kwamba mwanawe ataachwa nyuma, na bibi akamjibu kwamba mwanawe anacheza na wanetu kila jioni na Kidigo chake kinakishinda cha mwalimu. Tukakubaliana watoto wasimulie na waulize kwa lugha yoyote waliyo nayo, tusome kwa Kiswahili kwa kuwa vitabu tulivyo navyo ni vya Kiswahili, na wazee waje Ijumaa asubuhi kuwatolea watoto hadithi kwa Kidigo nasi tuziandike. Hakuna aliyepata yote aliyotaka. Sasa tuna daftari la pili la hadithi hizo, na makosa yake mengi ni yangu.

Lakini nataka kumalizia na Ijumaa, siku moja baada ya tathmini, wakati halijakubaliwa lolote na mtu yeyote. Niliingia darasani nikaweka vitabu mezani. Niliwaambia watoto kwamba mwalimu alikosea, kwamba mtu akiwa na jambo la kuniambia aniambie kwa maneno ya kwao, na mimi nisipoelewa nitauliza. Wakanitazama. Watoto wa miaka saba hawaamini tangazo, na wana haki. Nikageukia ubao nikaanza kuandika hesabu.

Nikasikia dawati likisogea nyuma. Nilipogeuka alikuwa amesimama, mikono ameibana mbele ya sketi, miguu imepishana. Safari hii alinitazama usoni. Akaniambia kwa Kidigo, upesi upesi na kwa sauti iliyosikika mpaka dirishani, kwamba amebanwa na haja ndogo na anaomba aende.

Nilisimama na chaki mkononi. Mihula miwili! Watoto wengine huniomba ruhusa hiyo mara tatu kwa siku, na yeye hakuwahi kuniomba hata mara moja. Alikuwa akivumilia kila siku mpaka kengele ilie, amekaa nyuma pale na mwandiko wake safi, na mimi nikiandika kurasa mbili kuhusu akili yake.

"Nenda, mama," nikasema. "Nenda, kimbia."

Akakimbia. Nilimtazama akivuka uwanja, machozi yananitoka na wala sikuyaficha. Kisha mkono mwingine ukainuka, mtoto mwingine akaomba kwa Kidigo, halafu wa tatu, halafu safu nzima ya dirishani, na yule wa fundi kutoka bara naye akaomba kwa Kidigo kilekile. Nikawaruhusu wote. Hesabu tulizifanya Jumatatu.